Flagstaff, Lango la Kwenda Pluto

Treni ya usiku kutoka Los Angeles hufika Flagstaff kabla hakujapambazuka. Mlango wa behewa ukifunguliwa, hewa ya Arizona inakupiga usoni, na si ile hewa ya jangwa tuliyoizoea kwenye sinema. Ni kavu, ina baridi, na imejaa harufu ya misonobari. Ulikuwa mwezi wa Agosti, kiangazi cha huko kimekolea, na watu wa Phoenix, kilomita 230 hivi upande wa kusini, bila shaka walikuwa wamelala viyoyozi vikinguruma. Hapa juu, mita 2,100 kutoka usawa wa bahari, mimi mtu wa Tanga nilitoa kanga mkobani nikajitanda juu ya sweta, na bado meno yaligongana.

Jengo la stesheni ni la mwaka 1926, la matofali, na paa lake limeinama sana ili theluji isikae. Nilisimama kidogo pale nje kwa heshima ya abiria mmoja. Januari 1929 kijana wa miaka 22 kutoka shambani Kansas alishuka hapa, akalakiwa na mkurugenzi wa kituo cha uangalizi wa anga. Jina lake Clyde Tombaugh. Chuo kikuu alikuwa hajakanyaga. Alichokuwa nacho ni darubini aliyojiundia mwenyewe kwa vipuri vya gari na mashine za shamba, na michoro ya Mirihi na Mshtarii aliyoichora kwa mkono, ambayo iliwavutia wakubwa wa kituo hata wakampa kazi. Mwaka mmoja baadaye akawa mtu wa kwanza kuitambua Pluto, na Pluto ikawa ya kwanza kujulikana katika kundi kubwa mno la magimba ya barafu yanayolizunguka Jua kule ambako mwanga wake umekwisha nguvu. Hayo ndiyo yaliyonileta. Tiketi ya kwenda huko haiuzwi, lakini ya Flagstaff inauzwa.

Jambo la kwanza ambalo mji huu unakuonyesha ni giza lake. Hapa kuna wakazi zaidi ya 70,000, kuna hoteli na baa, na barabara kuu ya zamani ya Route 66 iko hatua chache kutoka relini. Hata hivyo nilitazama juu nikaona Kilimia kimepanda upande wa mashariki, kila nyota na nafasi yake. Taa za barabarani ni za rangi ya kaharabu, zimefunikwa kwa juu ili mwanga uanguke chini tu, penye miguu ya watu. Mwaka 1958 mji ulipitisha sheria ya kukataza taa kubwa za matangazo zilizokuwa zikimulika mawingu, na mwaka 2001 ukawa wa kwanza duniani kutambuliwa kuwa Mji wa Kimataifa wa Anga la Giza. Adha yake ipo. Mgeni mwenye begi la magurudumu hujikwaa kwenye ukingo wa njia, nami nilijikwaa. Mfanyakazi wa stesheni akaja na tochi ya mwanga mwekundu, akanisindikiza hadi kona, akanieleza njiani kwamba mwekundu hauyaharibu macho yaliyokwisha kuzoea giza. Nilifurahi sana. Sijapata kufika mji mwingine ambako mtu wa stesheni anakutunzia macho yako ya usiku.

Kusini ya reli kuna mgahawa unaofunguliwa mapema kwa ajili ya watu wa zamu. Niliagiza chapati za maji za mahindi ya bluu. Mahindi haya ni urithi wa Wahopi na Wanavajo, waliolima nyanda hizi kabla Marekani haijaitwa Marekani. Unga wake ukiiva hugeuka rangi ya zambarau iliyofifia, una utamu wa njugu na ladha ya moshi kwa mbali, na ukimimina shira juu yake unakula taratibu ili zisiishe. Pembeni waliniwekea mayai na pilipili ya kijani iliyochomwa, pilipili yenye adabu, inayongoja umeze ndipo ijitambulishe.

Mama aliyekuwa jikoni, mwenye nywele za mvi zilizosukwa mkia mmoja, aliniuliza kama naelekea Grand Canyon, maana wageni wengi wanapita hapa kwenda huko. Nikamwambia la, nimekuja kwa ajili ya Pluto. Akaliweka birika la kahawa mezani, akavuta kiti, akakaa. Mwezi wa Machi 2024, akaniambia, gavana alitia saini sheria inayoifanya Pluto kuwa sayari rasmi ya jimbo la Arizona. Neno sayari alilitamka kwa mkazo, akinitazama aone kama nitabisha. Sikubisha. Kila akiitaja anasema "Pluto yetu". Alipojua nimetoka Afrika Mashariki peke yangu kuja kuona kuba la mbao na vioo viwili vya picha vya zamani, alikataa kunitoza kahawa, akanifungia chapati mbili za njiani.

Nilipotoka, treni ya mizigo ilinizuia kivukoni. Makontena yamepandana mawili mawili, behewa baada ya behewa, na kengele ya kivuko inalia bila kuchoka. Ukiishi Flagstaff unazoea, maana treni hizi zinapita usiku na mchana. Hakuna aliyepiga honi. Mzee mmoja kwenye gari akateremsha kioo, akanisalimu, akaniuliza kama baridi imenizidi, akaendelea kungoja.

Kutoka mjini hadi kituo cha Lowell, ndicho kile cha Tombaugh, ni mwendo wa kilomita moja na nusu hivi, barabara ikipanda Mars Hill, Kilima cha Mirihi, katikati ya msitu wa misonobari iitwayo ponderosa. Mti ukishakomaa, gome lake hugeuka rangi ya machungwa na kupasuka vipande vipande, na mwenyeji yeyote atakuambia uchomeke pua kwenye ufa. Nilifanya hivyo jua lilipoanza kulipasha gome. Vanila! Vanila hasa, ile ya maganda yaliyoanikwa Bukoba. Nilikwenda mti hadi mti nikinusa, na kindi wa hapa, mwenye vishungi vya manyoya masikioni, akanifuata juu kwa juu akinikaripia.

Kifua cha pwani hakikukipenda kilima hicho. Nilikaa kwenye jiwe nikaongea na dada yangu kwa simu, ndipo kijana aliyekuwa akikimbia kushuka aliposimama ghafla mbele yangu.

"Habari ya asubuhi, mama! Kiswahili huku?"

"Nzuri, mwanangu. Wewe mtoto wa wapi?"

"Iten, mama. Nimekuja mazoezi."

Wanariadha wa mbio ndefu wanaujua mji huu, kwa sababu hewa nyepesi ya mwinuko inaijenga damu. Lakini Iten iko kwenye mita 2,400, akaniambia, kwa hiyo hapa kwake ni bondeni. Aliubeba mkoba wangu hadi langoni, akirukaruka hatua fupi pembeni yangu ili asiniache nyuma, na alipoaga alinisisitiza ninywe maji hata kama sioni kiu. Ushauri huo naupitisha kwako kama nilivyoupokea.

Kituo hiki kilianzishwa mwaka 1894 na Percival Lowell, tajiri wa Boston aliyeamini kwamba Mirihi ina viumbe wachimba mifereji. Mifereji haikuwepo. Aliamini pia kwamba ng'ambo ya Neptuni kuna sayari kubwa isiyojulikana, akaiita Sayari X, akapiga hesabu na kuisaka mpaka alipofariki mwaka 1916. Amezikwa hapa hapa kilimani, kaburi lake lina kuba la kioo cha buluu. Leo tunajua kwamba hesabu zake hazikuwa sahihi, kwa sababu Pluto ni ndogo mno kuweza kuzivuta sayari kubwa namna alivyodhani. Pluto ilipatikana kwa uvumilivu wa mtu aliyekagua anga kipande kwa kipande, na hilo kwangu ni la thamani kuliko hesabu.

Kuna njia ya miguu ya kwendea darubini ya Pluto, nayo imepangwa kwa kipimo. Unaanzia kwenye Jua. Hujamaliza hata kufunga zipu ya koti, Utaridi, Zuhura, Dunia na Mirihi zimeshapita, zimebanana pamoja. Halafu Mshtarii, unatembea. Zohali, unatembea. Uranusi. Unatembea zaidi, sindano za misonobari zikivunjika chini ya viatu, ndipo Neptuni. Nilikuwa na mzee mmoja anayejitolea kuongoza wageni, zamani mwalimu wa fizikia, na katika nafasi hizo tupu alikuwa hasemi kitu, ananiacha nitembee tu. Dunia iko kilomita milioni 150 kutoka Jua. Pluto kwa wastani iko mbali karibu mara 40 ya hapo. Tulipofika mwisho wa njia aliniambia kwamba tungetaka kuendelea hadi ukingo wa nje kabisa wa himaya ya Jua, ingetubidi tuirefushe njia ile mara 2,500. Nikageuka kuitazama tulikotoka. Siku nyingi za kutembea, nikawaza, na chapati nilizobaki nazo ni mbili.

Kuba lenyewe ni dogo kuliko nilivyotarajia. Ndani mna ubaridi wa pishi na harufu ya mbao na mafuta ya mashine. Darubini ina lenzi ya inchi 13 na imetengenezwa kwa ajili ya kupiga picha. Hapakuwa na moto wa kuota humu hata majira ya theluji, kwa sababu joto lingeitikisa hewa mbele ya lenzi na nyota zikatoka na ukungu. Tombaugh alikaa na koti lake zito, usiku baada ya usiku, akiongoza darubini kwa mkono huku kioo cha picha, kikubwa cha inchi 14 kwa 17, kikinywa mwanga kwa saa nzima. Mchana alikaa tena na vioo hivyo kuvikagua.

Kifaa cha kukagulia kipo kwenye jumba la makumbusho, na hapo ndipo nilipokaa kuliko mahali pengine pote. Ni meza nzito ya chuma yenye nafasi ya vioo viwili na tundu moja la kutazamia. Kioo cha kwanza ni anga la tarehe 23 Januari 1930, cha pili ni anga lile lile la tarehe 29. Kifaa kinakuonyesha kimoja, kisha kingine, kimoja, kingine, tik, tik, tik. Nyota zote zinatulia mahali pake, kwa kuwa ziko mbali mno kusogea kwa siku sita. Mzee alinipa nakala za picha hizo mbili akanibadilishia kwa mkono. Mara ya kwanza niliona vumbi tu, madoa meusi ya nyota yasiyo na hesabu kwenye karatasi nyeupe. Akaendelea kubadilisha. Sikuona. Akaendelea. Halafu chembe moja, ndogo kuliko nukta ya kalamu, ikaruka pembeni na kurudi, ikaruka na kurudi, wenzake wote wamenyamaza. Kwenye vioo vya Tombaugh mruko ule ulikuwa wa milimita tatu na nusu hivi. Aliuona tarehe 18 Februari, saa 10 alasiri, kwenye kundi la Jauza, jina ambalo wajuzi wa falaki wa pwani yetu wamelitumia tangu zamani, karibu na nyota iitwayo Wasat. Alikuwa na miaka 24. Akamwita mwenzake wa chumba cha pili, kisha akaenda kumwambia mkurugenzi. Habari zikatangazwa tarehe 13 Machi, siku ya kuzaliwa ya Lowell, na jina la Pluto likapendekezwa na msichana wa miaka 11 wa Oxford, Venetia Burney.

Pluto ilikaa peke yake kwa muda mrefu. Mwezi wake mkubwa, Charon, ulitambuliwa mwaka 1978 katika picha zilizopigwa na kituo kingine cha Flagstaff hii hii. Ndipo Agosti 1992, juu ya mlima Mauna Kea huko Hawaii, David Jewitt na Jane Luu, aliyeingia Marekani akiwa mtoto mkimbizi kutoka Vietnam, walipoona kitone kingine kikitambaa ng'ambo ya Neptuni. Walikuwa wametafuta kwa miaka mitano. Baada ya hapo mlango ukafunguka: maelfu ya magimba yamekwisha kuorodheshwa katika Ukanda wa Kuiper, uwanja mpana wa barafu unaoanzia Neptuni na kutandaa hadi umbali wa Dunia na Jua mara 50 hivi. Ni mabaki ya ujenzi wa sayari, yaliyokaa kwenye baridi kali tangu miaka bilioni 4.6 iliyopita. Mwaka 2005 ikapatikana Eris, karibu sawa na Pluto kwa ukubwa na nzito kuipita, na mwaka uliofuata wanajimu waliokutana Prague wakaamua kwamba Pluto iitwe sayari kibete.

Najua mama wa mgahawa hatapenda, lakini naona uamuzi ule uliipa Pluto zaidi ya ulichoinyang'anya. Ilikuwa ya mwisho katika orodha ya tisa, ndogo, yenye njia iliyopinda isiyofanana na za wenzake. Sasa inajulikana kuwa ya kwanza kupatikana katika ukoo mkubwa kuliko wa sayari zote. Mzee wangu wa fizikia aliposikia hivyo alicheka kwa furaha, akanipeleka kwenye picha za chombo cha angani New Horizons kilichopita karibu na Pluto tarehe 14 Julai 2015, kimebeba sehemu ya majivu ya mwili wa Tombaugh mwenyewe.

Hizo picha zinataka msafiri. Kuna uwanda mweupe wa nitrojeni iliyoganda, mpana kilomita 1,000, unaojipindua polepole kutoka chini. Kuna ardhi nyekundu ya kahawia. Kuna utando wa hewa ya buluu ukingoni, na joto ni nyuzi 230 chini ya sifuri. Kwenye baridi hiyo maji ni mwamba, na milima ni ya maji. Nilikuwa nikisoma majina ya milima hiyo nikasita kwenye moja: Al-Idrisi. Ndiye yule mchora ramani Mwarabu wa karne ya 12, aliyeandika katika kitabu chake habari za Malindi na Mombasa na chuma chao. Milima ya barafu iliyobomoka na kusongamana pembeni mwa uwanda ule ina jina lake tangu mwaka 2017. Nilimweleza mzee Malindi iko wapi na Mombasa iko wapi, akatoa daftari akaandika, akaniomba nimtamkie tena.

Majira ya Julai na Agosti Flagstaff ina mvua zake za alasiri, na hazichelewi. Asubuhi yote anga lilikuwa buluu tupu. Saa 8 mchana mawingu yakasimama juu ya San Francisco Peaks, milima ambayo Wahopi, Wanavajo na watu wengine wa asili wa hapa wanaihesabu kuwa mitakatifu, na ambayo kilele chake kirefu kina mita 3,851. Radi ikapiga mara moja, ikafuata mvua ya mawe madogo yaliyodunda barabarani. Nililowa chapachapa. Chini ya kibaraza cha duka la vitabu tulijibanza wageni na wenyeji, na mama mmoja wa Kinavajo mwenye bangili za feruzi akanisogezea nafasi, akanishika kanga, akataka kujua maneno yaliyoandikwa pindoni yanasemaje. Nilipomsomea na kumfasiria aliitikia kwa kichwa, akasema nyanyake angeipenda nguo inayosema.

Yeye ndiye aliyenielekeza pa kula. Mkate wa kukaanga wa Kinavajo ni mandazi lililotandazwa likawa pana kuliko sahani, jepesi, lina mapovu, halina iliki, na juu yake wanarundika maharage, nyama ya kusaga, jibini, saladi na pilipili. Wanavajo walianza kuupika karne ya 19 walipohamishwa kwa nguvu kutoka makwao na kupewa mgao wa unga, sukari na mafuta. Mama aliniambia hayo bila kupunguza kasi ya kula. Tulikula kwa mikono, mafuta yakitiririka hadi vifundoni.

Mvua ilipokatika, mji mzima ulinuka udongo na utomvu. Nilipita mbele ya ukumbi wa Orpheum. Jioni ile ya Februari 1930 anga lilifunga mawingu, Tombaugh hakuweza kuhakikisha alichokiona, kwa hiyo alishuka mjini akala, akaenda hapo kutazama filamu ya ng'ombe na bastola. Alikaa katikati ya watu na siri ile. Nilitamani kujua aliyekaa kiti cha pili yake alikuwa nani.

Nilirudi kilimani jua lilipozama. Giza likiingia, watu wanakuja kwa familia, wamebeba mablanketi na chupa za chai, na watoto wenye nguo za kulalia chini ya makoti. Kuba la darubini ya Clark, ya mwaka 1896, limejengwa kwa misonobari ya hapa hapa na linazunguka juu ya matairi ya lori la zamani. Linapogeuka, ubao unalia na sakafu unaisikia ikitetemeka miguuni. Kwa darubini hii Vesto Slipher, aliyekuja kuwa mkurugenzi wa Tombaugh, alipima kuanzia mwaka 1912 mwendo wa magalaksi kabla watu hawajajua ni kitu gani. Mimi nilionyeshwa kishada cha nyota laki kadhaa, nyingi zimejitenga moja moja. Nilirudi kwenye foleni mara nyingine, na walionitangulia walinipisha kwa kuwa nilikuwa mgeni wa mbali.

Pluto kwa macho haionekani. Mzee alinionyesha tu inapokaa siku hizi, upande wa kusini katika kundi la Jadi. Mwaka wake mmoja ni miaka 248 yetu. Tangu Tombaugh aione katika Jauza haijatimia hata nusu ya mwaka huo. Nuru iliyokuwa ikitua kwake wakati ule ililiacha Jua takriban saa 5 kabla, nilipokuwa nikitetemeka chini ya kibaraza cha duka la vitabu.

Ng'ambo yake tena, akasema, kuna Wingu la Oort, na hapo sauti yake ikabadilika. Hakuna aliyeliona. Mwaka 1950 Jan Oort wa Uholanzi alichunguza njia za nyotamkia zinazotoka mbali sana, akaona kwamba zinaanguka kutoka kila upande wa anga, akahitimisha kwamba Jua limezungukwa na ghala kubwa mno la barafu, kila upande, juu na chini. Linaaminika kuenea hadi umbali wa Dunia na Jua mara 100,000. Chombo cha Voyager 1, kilichoondoka duniani mwaka 1977, kitahitaji miaka kama 300 kuufikia ukingo wake wa ndani, na kama 30,000 kulivuka. Lakini mara nyingine wingu hilo linatutumia mgeni. Mwaka 1995 Thomas Bopp, mfanyakazi wa kampuni ya vifaa vya ujenzi asiyekuwa hata na darubini yake, alikuwa jangwani hapa Arizona akichungulia kwenye ya rafiki yake alipoona ukungu usiokuwa kwenye ramani. Usiku ule ule Alan Hale aliuona New Mexico. Nyotamkia ya Hale-Bopp ilionekana kwa macho matupu kwa mwaka mmoja na nusu.

Pembeni yetu alikuwepo binti wa miaka minane hivi, amejifunga blanketi, na alikuwa akisikiliza kuliko sisi wakubwa. Akauliza ni nyotamkia gani inayofuata. Mzee akachutama ili walingane. Ziko zisizopiga hodi, akamwambia, zinatokea tu. Ila moja ina ahadi. Halley ilifika mwisho wa njia yake Desemba 2023, kule kule kwenye baridi ng'ambo ya Neptuni, ikageuka, na sasa hivi tunapoongea inarudi. Itafika mwaka 2061.

Binti akahesabu kwa vidole, akakosa vidole, mama yake akamsaidia. Akataka kujua kama darubini hii itakuwepo. Imekuwepo tangu 1896, mzee akamjibu, akasimama kwa kujishika magoti, akamwambia aje mapema kwa sababu foleni itakuwa ndefu. Kisha akanigeukia: na wewe pia, njoo, na huyo kijana wa Iten uliyenisimulia mje naye.